Hesabu Isiyo na Matabishi

Nikisikia harufu ya samaki wakavu wa Kasenga, hata leo, kichwa changu huanza kujumlisha na kutoa bila kuulizwa. Niwaambieni kwa nini, maana jambo lenyewe linanichekesha na kuniuma kwa pamoja.

Nilikuwa darasa la tano, huko Katuba. Kwenye mtihani wa mwisho wa mwaka Mwalimu alituandikia ubaoni: Mama ana faranga 10 000. Ananunua meka mbili za unga, kila meka 3 000, na fungu la samaki la 2 500. Anabakiwa na ngapi? Meka ni lile bakuli la kupimia unga sokoni, na hakuna mtoto wa mtaani kwetu asiyelijua. Niliona swali jepesi mno. Meka ya 3 000 hushuka hadi 2 500, samaki wa 2 500 hushuka hadi 2 000. Nikaandika: anabakiwa na 3 000, pamoja na matabishi, yaani ile nyongeza ya bure anayokupa muuzaji.

Nilipata sifuri.

"Ku calcul bei haishukake!" Mwalimu alifoka, kwamba kwenye hesabu bei haishuki, darasa zima likaangua kicheko. Sikujua nimekosa wapi. Alinipa nafasi moja tu, Jumatatu. Nikishindwa tena, nitarudia darasa.

Mama, aliyekuwa akishona nguo kwenye karakana moja mjini, alilisoma swali mara tatu. Naye alichanganyikiwa.

"Huyu mama wa ku swali ya Mwalimu iko na akili kweli? Analipa bei ya kwanza juu ya nini?"

Alijaribu kunieleza, akakwama, akasonya. Jumamosi akanitia faranga 10 000 mkononi, tukaenda sokoni. Sharti lake lilikuwa nilipe kila kitu kama kilivyoandikwa, nisibishane na mtu.

Muuza unga alitaja 3 000, nami nikahesabu 6 000 za meka mbili. Alinitazama kama mgonjwa. Muuza samaki ndiye aliyenishika mkono kabisa.

"We mutoto, hizi franga umeiba wapi?"

"Ni miye namutuma," Mama alisema nyuma yangu. "Muache alipe."

Yule muuza samaki, kwa huruma, akaniongezea samaki watatu.

"Rudisha," Mama akaniambia. "Kwa Mwalimu hakuna matabishi."

Nilirudisha huku machozi yakinilengalenga, maana sasa nilikuwa sielewi kitu. Tangu lini kununua vibaya kukawa ndiyo akili? Mama akanifungua kiganja, tukahesabu noti zilizobaki. 1 500.

Jumatatu niliandika 1 500, nikapita darasa. Swali lenyewe sikuwa nimelielewa. Nilikumbuka tu noti zile kiganjani.

Hesabu ya Mama niliielewa nikiwa mtu mzima, nikinunua unga kwa mshahara wangu mwenyewe. Zile 3 000 alizozoea kubakiza alizigawa: nusu mafuta ya kupikia, nusu nauli yake ya basi. Wiki ile mafuta hayakukosekana. Jumatatu niliamka nikakuta amekwisha kuondoka kwa mguu hadi mjini, na mimi nikamnunia mpaka jioni, kwamba siku ya mtihani wangu hakunisubiri hata aniage.