Ngoma ya Bibi Haikukamata Mtu

Juzi nimempeleka mdogo wangu kuandikishwa shule, nikakuta kuku anataga mayai ndani ya ngoma ya bibi yangu.

Nakwambia wewe kwa sababu wewe ni mtu wangu. Wengine nikiwaambia watasema huyu binti ana hasira za bure. Mimi sina hasira za bure. Zangu zote zina sababu na zina mwenyewe.

Ngoma ilikuwa imelazwa ubavu, pembeni ya nyumba ya mwalimu mkuu. Ngozi hakuna, mmejazwa majani makavu ndani, na kuku mwekundu kakaa humo ametulia kama kapangishwa. Mdogo wangu akawa ananivuta mkono, dada twende, mstari unasogea. Hata huo mstari sikuuona. Nilikuwa nimerudi darasa la saba, kiangazi kile, na vumbi lake, na harufu ya majani yanayochomwa mlimani.

Ngoja nikupeleke taratibu. Kabla ya Operesheni tulikaa mlimani, kila mtu na migomba yake, huku kwetu upande wa Kibondo. Halafu malori yakaja, tukaambiwa tushuke barabarani tukae kijiji, nyumba zimenyooka kama meno ya kitana. Bibi alishuka na vitu vitatu tu: chungu chake cha maharage, jiwe lake la kusagia, na ngoma. Karani wa lori akamwambia ngoma si mzigo wa lazima. Bibi hakubishana naye. Akaipandisha, akaikalia, na mtu anayetaka kuishusha aanze kumshusha yeye. Hakuna aliyejaribu.

Maisha ya shule yalikuwa matamu, siwezi kukudanganya. Asubuhi chuma cha gari kilichoning'inizwa kinalia, tunakwenda mchakamchaka kwenye umande, tunaimba mpaka milima ya upande wa pili inaitikia. Kila Ijumaa tunabeba kuni za walimu. Mvua za kwanza zikinyesha tunavizia kumbikumbi, tunakaanga, tunakwenda nao darasani mfukoni, darasa zima linanuka. Nikirudi nyumbani nakuta ugali wa muhogo na maharage yameungwa mawese, na bibi ananiuliza, "Leo wamekufundisha nini?" Kila siku swali hilo. Yeye hakusoma hata siku moja, kwa hiyo alitaka nimletee shule nyumbani kama ninavyomletea maji.

Mimi nilimletea yote. Mpaka siku niliyomletea somo la vibaraka.

Mwalimu wa historia alikuwa kijana, katoka mkoa wa mbali, suti yake ya mikono mifupi imepigwa pasi mpaka unaweza kujikata nayo. Tulimpenda. Alikuwa na sauti, akieleza vita vya kusini dhidi ya Mjerumani unaona moshi. Lakini historia yote ilitokea kwingine. Kusini walipigana, kaskazini walipigana, pwani walipigana. Kwetu kulikuwa na nini? Siku hiyo akatuambia. Kwetu kulikuwa na vibaraka. Mwami, yaani chifu mkuu, na watwale wake, machifu wadogo wa kila kilima, walipiga ngoma, watu wakakusanyika, Mzungu akachukua vijana kwenda kukata mkonge Tanga. Akaandika ubaoni: ngoma ya mtwale ilikuwa chombo cha unyonyaji.

Darasa zima likanigeukia. Maana kila mtu alijua babu yangu alikuwa mtwale, na ngoma iko kwetu, kando ya kitanda cha bibi.

Nilimpelekea bibi somo hilo jioni. Aliacha kukoroga ugali. Akaniambia kisa ambacho kijijini wazee wote walikijua, ila hakuna aliyewahi kutuambia watoto. Babu alikusanya kodi, ego, ndiyo, bibi hakulikataa hilo, na mimi silikatai. Lakini mwaka wa vita vya Wazungu, babu akiwa ameitwa bomani Kasulu, walikuja wakamataji wa vijana wa mkonge na askari wao. Wakamwambia bibi atafute mtu apige mlio wa kuita, vijana waje. Mlio ulikuwa wa aina mbili, wa kuita na wa kukimbia, na mgeni hawezi kutofautisha. Wanaume wote wa kupiga wakasema wanaumwa mikono. Kwetu mwanamke hapigi ngoma, ni mwiko, hata kuivuka havuki. Bibi akachukua vijiti, akapiga wa kukimbia. Mpaka askari wanamaliza kusikiliza, kilima hakina kijana hata mmoja. Wote wako korongoni.

Babu alivuliwa utwale kwa ajili ya siku hiyo. Bibi alichapwa viboko mbele ya nyumba yake.

Kesho yake nilinyoosha mkono darasani nikakisema kisa chote. Mwalimu alinisikiliza mpaka mwisho, hilo nampa. Kisha akasema, "Hizo ni hadithi za jikoni. Historia imeandikwa na waliosoma." Watoto wakacheka. Mimi nikamuuliza waliosoma walikuwa wapi siku hiyo. Nilichapwa fimbo za mkono, nikarudi kukaa.

Sasa Sabasaba ikawa inakaribia, na mgeni rasmi kutoka wilayani anakuja. Mwalimu wa historia akatunga igizo, Kuanguka kwa Vibaraka. Akatuma wavulana waje kuchukua ngoma kwetu, eti ni mali ya umma. Na mimi akanipa sehemu ya mke wa mtwale, nibebe kibuyu cha pombe, nipige magoti, niseme, "Bwana wangu, watu wamekuja, wauze." Akasema, "Wewe ndiye unayeyajua mambo ya kwenu."

Bibi akaenda nyumbani kwa mwalimu. Nilikwenda naye. Alifika mlangoni akafanya kama mtu wa kwetu anavyofanya akimsalimu mtu wa heshima: akashusha magoti, akapiga makofi taratibu, akamwamkia. Unajua mwalimu alifanya nini? Alisimama akamtazama juu chini, mikono mfukoni, akasema, "Inuka, mama. Ukabaila umekwisha nchi hii."

Bibi aliinuka mwenyewe. Akasema, "Mwalimu, ngoma chukua. Watoto wacheze. Ila usiseme ilikamata watu. Sema ni ngoma tu."

"Historia haipangwi na bibi zetu," akajibu, akacheka kidogo, cheko la mtu anayefunga mlango.

Njiani nilikuwa nalia. Nikamuuliza bibi kwa nini alimpigia magoti mtu yule. Akasema, "Sikumpigia yeye. Nimempigia mtu anayewafundisha watoto wangu kusoma." Halafu akatangulia mbele yangu mpaka nyumbani. Bibi yangu, mtu aliyemkalia karani wa lori ngoma, kaambiwa inuka kama mtoto. Nilijiambia, huyu mwalimu atalipa, na hatalipia chumbani. Atalipia mbele ya watu.

Siku ya Sabasaba uwanja ulijaa. Wazee mbele kwenye vigoda vyao, kina mama na watoto mgongoni, mgeni rasmi chini ya turubai na soda yake. Bibi alikaa karibu na jirani yetu, mzee mmoja mfupi mwenye maneno ya mkato, ambaye siku ile ya wakamataji alikuwa kijana na alilala korongoni na wenzake. Nilikuwa nimemwomba huyo jirani akamwambie mwalimu ukweli. Akaniambia, "Binti, watu wa serikali hawabishiwi. Nina watoto." Sikumlaumu sana. Kidogo nilimlaumu.

Igizo likaanza. Mvulana aliyecheza mtwale alivaa shuka la bibi yangu na kujaza matambara tumboni. Watu wakacheka. Kila wakicheka, mimi naangalia bibi, na bibi anaangalia chini. Mpigaji akapiga ngoma ovyo, kama anafukuza nyani shambani. Mwalimu wa historia kasimama pembeni, anatamka maneno yetu kimya kimya kwa midomo, kafurahi. Ikafika zamu yangu. Nikapiga magoti na kibuyu. Watu wakanyamaza wasikie.

Nikakiweka kibuyu chini. Nikamfuata mpigaji nikamnyang'anya vijiti. Akasema, "We, mwanamke hapigi." Nikamwambia bibi yangu alipiga.

Mlio wenyewe bibi alinifundisha juu ya chungu kilichofunikwa, usiku wa kisa kile, kwa vidole tu. Nzito, kimya, halafu za haraka zinafuatana kama miguu inayoteremka korongoni. Nikapiga. Mara ya kwanza hakuna aliyetikisika. Nikapiga tena. Ngoma ile ilikuwa haijasema maneno hayo tangu kabla mama yangu hajazaliwa, na ilikuwa haijayasahau.

Jirani alikuwa wa kwanza kuinuka. Akashika kigoda chake, akamwambia aliye kando, "Twende." Basi tu. Wazee wakainuka mmoja baada ya mwingine. Kina mama wakajifunga kanga. Wengine walikuwa wanacheka mpaka machozi, wengine hawakucheka kabisa, maana malori ya Operesheni walikuwa hawajayasahau, na mlio ule unaingia mwilini kabla ya akili. Bikizee mmoja alikimbia kweli, kabeba mjukuu chini ya kwapa. Vijana ambao hawakujua lolote waliwafuata mama zao. Uwanja ukamwagika kama maji ya beseni.

Mgeni rasmi akasimama na soda yake. "Mwalimu, wananchi wanakwenda wapi?"

Mwalimu wa historia akatazama ule uwanja, akatazama ngoma, akanitazama mimi.

"Sijui, mheshimiwa."

Neno hilo nimelihifadhi. Mimi nikiwa na siku mbaya nalitoa nalisikiliza. Na jirani, aliyeogopa watu wa serikali, alipompita pale na kigoda chake alimwambia, "Na hili, mwalimu, kaliandike ubaoni."

Bibi alikuwa wa mwisho kuondoka. Aliondoka polepole, kichwa juu, kama mtu anayetoka harusini.

Ndiyo, nililipa. Nilifukuzwa shule wiki hiyo hiyo, mtihani wa darasa la saba sikuufanya. Kusoma kwingine nimejisomea kwa magazeti yanayofungiwa sukari sokoni na kitabu chochote kinachoniangukia mbele. Yote hayo nilikuwa tayari kuyalipa. Ambacho sikuwa tayari kukilipa ni ngoma. Mwalimu alikataa kuirudisha, akasema imeshikwa na shule. Bibi aliifuata mara nyingi, na kila mara alipiga magoti yake na makofi yake mlangoni, kila mara akarudi mikono mitupu. Akafa akiiulizia. Sasa mwalimu wa historia ndiye mwalimu mkuu. Na kuku wake ana pa kutagia.

Juzi, basi, nilimaliza kusimama pale mbele ya kuku. Nikaenda kwenye meza, mdogo wangu akaandikishwa. Mwalimu hakunitambua mpaka aliposikia jina la babu. Kalamu yake ikasimama. Mimi nikamwamkia, nimesimama, mikono mfukoni. Kisha nikaenda pembeni ya nyumba yake, nikamtoa kuku, nikajitwika ngoma kichwani.

"We binti, hiyo mali ya shule," akaita. "Ukiondoka nayo huyu mtoto sitampokea."

"Mfukuze basi," nikamwambia, watu wote kwenye mstari wanasikia. "Mwaka huu serikali imesema kila mtoto asome. Mfukuze, nikakusikilize ukiwaeleza wilayani."

Akakaa. Mayai yalikuwa bado humo ndani. Nimeyakaanga, nimeyala, na nilikula polepole.

Lakini nikwambie kinachoniuma hata nikiwa nimeshiba mayai yake. Jirani amekufa. Wale wazee wa vigoda wamebaki wa kuhesabika, na masikio yao yamechoka. Watoto wa sasa wakimsalimu mtu wanapunga mkono, makofi hawayajui. Nikiupiga mlio ule kesho uwanjani, hakuna atakayeinuka. Watacheza. Alichoshindwa mwalimu kukifuta ubaoni, muda unakifuta wenyewe, na muda sina pa kuukamata nikaunyang'anya vijiti.

Mwalimu ninaye. Anaishi palepale kando ya barabara, na upepo wa jioni unatoka kwetu kwenda kwake. Mdogo wangu nimeshamfundisha mlio wote, kwa vidole, juu ya chungu kilekile cha bibi, na ameahidi kuwafundisha wenzake darasani juu ya madawati. Ngozi ya ng'ombe nimeipata, nimeiwamba jana. Iko juani inakauka.