Jiwe la Kijani Shingoni mwa Ruwej

Siku ile naikumbuka vizuri mno, mwanangu, na ingekuwa hiari yangu ningekuwa nimeshaisahau. Ilikuwa Jumanne ya masika, uwanja wa shule umegeuka matope mekundu, na mimi nimevaa viatu vyeupe kwa sababu tulitangaziwa wageni. Viatu vyeupe kwenye matope ya mtaa wetu wa Manika! Hapo tu umeshajua nilikuwa msichana wa namna gani.

Kaa kwanza, na hiyo simu iweke chini. Jumatatu unaanza kufundisha, na baba yako amekuleta kwangu kwa kuwa nimesimama mbele ya ubao tangu nikiwa msichana hadi mvi. Anadhani shangazi yako atakupa mambo ya kujivunia. Ninayo, machache. Hili la leo si miongoni mwayo, na hata yeye, ndugu yangu wa tumbo moja, sijawahi kumwambia.

Nilikuwa na miaka ishirini na minne, nafundisha darasa la tatu. Watoto hamsini na kitu, baba zao wote wameifuata shaba ya mgodini: Waluba, Wasanga, Wachokwe kutoka upande wa Dilolo, na sisi Waruund wa Kapanga. Kanuni ya shule ilikuwa fupi. Darasani Kifaransa, uwanjani Kiswahili kinavumiliwa, lugha za kijijini marufuku. Mtoto akiteleza, anavikwa simboli. Shule nyingine simboli yao ilikuwa kipande cha ubao, nyingine kopo tupu. Yetu ilikuwa jiwe la shaba, la kijani, ukubwa wa yai la njiwa, limetobolewa na kutiwa kamba. Aliyelivaa hachezi na mtu wala hakai na mtu, mpaka amkamate mwenzake akisema lugha ya nyumbani, amvike yeye.

Mimi mwenyewe nililivaa nilipokuwa mdogo. Uzito wake naujua. Usiniulize kwa nini basi niliwavika wengine. Nimejiuliza miaka mingi, na jibu ni la aibu: nilitaka watu waone kwamba mimi nimeshatoka huko.

Sasa, katika darasa hilo alikuwemo Ruwej. Alikuwa amefika karibuni kutoka Musumba, huko kwetu Kapanga, baada ya kufiwa na mama yake, akaja kukaa na kambo wake, bibi aliyekuwa akiuza sombe, majani ya muhogo, sokoni. Yule kambo aliniuliza siku moja jina la baba yangu, akalitambua, akafurahi sana. Akaenda kumwambia mjukuu wake: Madamu wako ni mtu wa kwetu, usimwogope.

Ndiyo maana asubuhi ile, kabla ya wageni kufika, Ruwej alikuja mezani pangu akainama, akaninong'oneza kwa Kiruund kwamba tumbo linamuuma na anaomba kutoka. Aliomba kwa adabu zote, jinsi mtoto anavyosema na shangazi yake. Nilimwelewa neno kwa neno. Lakini mlangoni alikuwa amesimama mwalimu wa darasa la sita, kijana mtanashati wa Lubumbashi, naye akaangua kicheko. "Eh, Madamu! Kumbe batu ba kijiji banajuana!"

Hakuwa na ubaya, alikuwa anatania tu. Lakini uso uliniwaka. Nikafungua droo, nikalitoa jiwe, nikamvika mtoto. Kisha nikasema kwa Kifaransa, kwa sauti ya kumfikia yule mlangoni, kwamba sikuelewa hata neno moja alilosema.

Mwanangu, umesikia? Nilisema sikuelewa. Na yule mtoto akaniangalia, akarudi kukaa peke yake nyuma, dirishani, na tumbo lake likimuuma.

Saa nne wageni wakafika. Mmoja alikuwa Mama Aroha, Mmaori, mwenyeji wa visiwa vya mbali huko kusini vinavyoitwa New Zealand. Bwana wake aliajiriwa kwa miezi kadhaa kutengeneza mitambo ya mgodi, na yeye, kwa kuwa kwao alikuwa mwalimu, aliomba parokia imtembeze shuleni. Mama mnene, mcheshi, sauti yake inajaza chumba. Shingoni alivaa jiwe la kijani, laini, kwenye kamba nyeusi. Mkalimani alikuwa Tata Kaumba, karani wa parokia, aliyekulia Zambia na akajua Kiingereza.

Yule mama hakuanza kwa jina lake. Alianza na mlima wa kwao. Baada ya mlima akataja mto, kisha chombo kilichowaleta mababu zake kutoka ng'ambo ya bahari, kisha wazee wake, na mwisho kabisa, kana kwamba amekumbuka tu, akajitaja yeye. Watoto walicheka. Tata Kaumba naye alikuwa akitafsiri huku anakuna kichwa.

Akatueleza. Kwao mtoto haingii darasani peke yake. Anaingia na mlima wake, mto wake na wazee wake, na kazi ya mwalimu ni kuwakaribisha wote. Mkubwa humshika mkono mdogo, na mdogo akijua jambo humfundisha mkubwa, hata kama mkubwa huyo ni mwalimu. Kufundisha na kujifunza wanaviita kwa neno moja.

Halafu akapunguza sauti. "Mama yangu alichapwa shuleni kwa kusema Kimaori," alisema. "Aliponizaa hakunifundisha. Aliniogopea." Yeye alijifunza akiwa mtu mzima, na watoto wake mwenyewe wamejifunza kwa mabibi walioombwa waje kukaa mikekani na vitoto vidogo, wakiimba nao, wakiwalisha na kuwakaripia kwa Kimaori tu.

Nilitikisa kichwa kwa huruma. Ndiyo, mimi huyu! Nilimsikitikia mama yake, na droo yangu bado iko wazi.

Ndipo akamwona Ruwej. Uso wake ukachangamka, akapita katikati ya madawati, akapiga magoti kwenye sakafu ya vumbi. Akashika jiwe lake kwa mkono mmoja na jiwe la mtoto kwa mkono mwingine, akagusisha paji la uso na pua yake kwenye paji na pua ya Ruwej, kama wanavyosalimiana kwao. Akamuuliza amefanya jambo gani jema hata akapewa. Maana kwao, alisema, jiwe la kijani mtu hajinunulii. Hupewa na anayemheshimu.

Tata Kaumba alijua jiwe lile ni la nini, watoto wake mwenyewe walisoma pale. Akanigeukia. "Madamu, nimujibu nini?"

Na mimi nikasema: "Mwambie ni heshima. Tunampa mtoto anayeijua vizuri lugha ya wazee wake."

Mama Aroha akapiga makofi. Akaomba Ruwej atufundishe sote salamu ya kwao, na Madamu akae kwenye dawati kama mwanafunzi. Nikakaa, magoti yangu yakigonga ubao. Ruwej akasimama mbele. Midomo yake ilicheza, na macho yake yakanitafuta mimi. Alikuwa anangoja ruhusa. Ishara moja tu ya kichwa, mwanangu, ingetosha. Nikaangalia viatu vyangu vyeupe.

Mtoto akamgeukia mgeni. "Mama, hii jiwe haiko ya heshima," alisema polepole. "Iko ya azabu. Madamu njo alinivalisha, juu ya kusema luga ya kwetu."

Tata Kaumba akafungua mdomo atafsiri. Nikamwahi: "Mwambie anaona haya."

Tata akamwambia. Nami nilimwona alivyoinamisha uso akisema hivyo. Mama Aroha alimpapasa mtoto kichwani, akasema si neno. Alipotuaga aliushika mkono wangu muda mrefu, akiniangalia. Sijui kama alijua. Nadhani alijua.

Ungetegemea kwamba hapo nilimwita mtoto nikamvua jiwe na kumwomba radhi. Wapi! Nilikwenda kunywa chai na wageni. Nilimsahau kabisa, na kengele ilipolia akaenda nalo nyumbani shingoni, akapita nalo mbele ya watu wote sokoni.

Kesho yake, watoto wakiwa mistarini kuimba wimbo wa bendera, kambo wake akaingia uwanjani amemshika mkono. Akangoja wimbo uishe, kwa heshima. Halafu akaja hadi mbele yangu, akafungua pindo la kitenge chake, akalitoa jiwe.

"Yambo, Madamu."

"Yambo, mama."

"Mutoto anasema uliambia mugeni eti hii jiwe ni heshima. Ulimudanganya, ao ulisema kweli?"

Walimu wote walikuwa wananitazama, na yule wa darasa la sita pia.

"Kama ni kweli, basi vaa we. We njo mukubwa wabo."

Akanyanyua mikono yake yenye harufu ya sombe, akanivika, akafunga fundo mara mbili. Kisha akanisogelea sikioni, akasema kwa Kiruund, kwa ajili yangu peke yangu: "Nilimwambia asikuogope kwa kuwa baba yako nilimfahamu. Ulimwambia mtoto humwelewi. Na mimi je, hunielewi?"

Unajua nilimjibu nini? Nilimjibu kwa Kiswahili: "Mama, ni kanuni ya shule." Akanitazama kama unavyomtazama mgonjwa, akamshika mjukuu wake mkono, wakaondoka. Ruwej hakurudi tena shuleni. Si kwangu, si kwa mwingine. Nilisikia anauza sombe na kambo wake, na kwa miaka mingi nilipokwenda sokoni nilizungukia upande wa samaki ili nisipite pale.

Lile jiwe nilikaa nalo shingoni mpaka adhuhuri. Usidhani ni ushujaa, fundo lilinishinda. Nilipolikata kamba nililificha, nikamwambia mkuu wa shule kwamba simboli imepotea. Darasani kwangu haikuvaliwa tena. Unaona? Hata jema nililofanya nililifanya kwa uongo.

Mwaka jana, nilipostaafu, nikajiambia sasa basi. Nikaenda sokoni, nikapita upande wa mboga. Kambo alikwishafariki zamani, Mungu amrehemu. Ruwej alikuwa ameketi mahali pake, mwanamke mzima, pembeni yake kasichana ka miaka sita hivi kanachambua majani. Nikamsalimu kwa Kiruund, kwa sauti, wauzaji wote wakisikia. Salamu aliyongoja ruhusa yangu aitoe akiwa na miaka tisa, nikampa mbele ya soko lake.

"Bonjour, Madamu," alinijibu. Alikuwa amenitambua.

Nikainama, nikamsalimu mtoto vilevile. Mtoto akajificha nyuma ya kitenge cha mama yake, akachungulia.

"Hasikie Kiruund, Madamu," Ruwej alisema. "Sikumufundisha. Nilimuogopea."

Aka, mwanangu! Yalikuwa maneno yaleyale. Yale niliyomsikitikia nayo mama wa watu mwenye bahari saba kati yetu, na aliyeyatia kinywani mwa huyu ni mimi. Nikamwomba Ruwej msamaha, pale pale, nimesimama na kikapu. Alifunga fungu lake la sombe, akanipa. "Nimesikia, Madamu," alisema, akamgeukia mnunuzi mwingine. Hakusema amenisamehe, na sikuwa na haki ya kumdai aseme.

Basi nisikilize. Jumatatu, kabla hujaandika tarehe ubaoni, waulize watoto mto wa kwao, na jina la bibi wa kila mmoja. Waanze wenyewe, na wewe utaje wako. Mtoto akikujia na lugha unayoijua, mjibu kwa lugha hiyo, na aliye mlangoni asikie, acheke akitaka. Akija na usiyoijua, kaa kwenye dawati lake, akufundishe. Waite mabibi, waingie darasani na vitenge vyao. Kifaransa utawafundisha, na ukifundishe vizuri, lakini kwa kuongeza, usiwanyang'anye kitu kwanza. Na siku utakapomkosea mtoto, maana utamkosea, mwombe radhi siku hiyohiyo, mbele ya watu walewale. Usingoje akuzalie mjukuu asiye na salamu.

Fungua mkono. Ndilo hilo. Kamba ni mpya, jiwe ni lilelile. Nakupa liwe mezani pako, ulitazame kila unapotaka kuonekana mwerevu. Siku shingo ya mtoto itakapoliona tena, usiniite shangazi.

Sasa piga magoti nikubariki. Mungu akupe masikio kabla ya sauti. Watoto wakuamini, na usiwaangushe. Wazee wetu wa mto Kalanyi waingie pamoja nawe darasani.

Ningekubariki kwa Kiruund, kama baba yangu alivyonibariki mimi. Lakini usingeelewa, mwanangu. Mimi na baba yako tulikulea humu ndani, na hatukukufundisha. Nisamehe. Kabla hujaondoka, kaa hapa kando yangu, tuanze na salamu.