Wakimbiaji Niliowarithi

Kwa miaka tisa nilikula kwa kazi ambayo mama yangu hakuwahi kuielewa. Wenzake wa kanisani walipomuuliza habari zangu, alijibu kwamba mtoto wake anacheza mpira Uholanzi. Watu wakadhani ni soka, wakamsifu, naye akazipokea sifa zote bila kusahihisha.

Nilikuwa mrushaji wa akiba katika besiboli. Mrushaji mmoja huuanza mchezo. Akichoka, au akizidiwa, kocha anamtoa na kumwingiza mwingine, na huyo mwingine ndiye mimi. Mchezo unaanza wewe umekaa benchi mbali na wenzako, umevaa koti, unatafuna mbegu za alizeti, unasubiri mambo yamharibikie mtu. Nimejaribu kulisema hilo kwa namna nzuri zaidi, nikashindwa. Mwenzako akifanya vizuri, wewe huna kazi.

Ukiingia uwanjani unakuta mara nyingi wakimbiaji wa timu pinzani wamesimama vituoni, wale ambao mwenzako aliwaruhusu kufika. Vituo ni vitatu, na mkimbiaji anayevipita vyote na kurudi pale alipoanzia, tunapopaita nyumbani, anaipatia timu yake alama. Hao waliosimama tunasema umewarithi. Sasa sheria ni hii: wakirudi nyumbani huku wewe ndiye unayerusha, alama zao haziandikwi kwako. Zinaandikwa kwa yule aliyetolewa, ambaye wakati huo ameketi na barafu begani na hana la kufanya. Ni sheria ya haki, maana yeye ndiye aliyewaacha pale. Nimeigeuzageuza kwa miaka mingi na bado naiona ya haki. Ubaya haukuwa wa sheria.

Tulikulia Bredäng, hapa Uswidi, jengo moja, mimi ghorofa ya tatu na rafiki yangu ya tano. Mama yake ni Mrundi wa Bujumbura, wangu ni wa Kigoma, na kila Jumamosi walibishana kuhusu samaki yuleyule wa ziwa lilelile, mmoja akimwita mukeke na mwingine mgebuka, kila mmoja akiapa kwamba wa upande wake ndiye mtamu. Sisi watoto tuliwajibu kwa Kiswidi na kutoroka kwenda nje. Shuleni tulicheza brännboll kama watoto wote wa nchi hii, ule mchezo wa kupiga mpira na kukimbia kuzunguka vituo, na mwalimu mmoja akaona jinsi rafiki yangu anavyorusha. Akampeleka kwenye klabu ya besiboli upande wa Farsta. Mimi nilimfuata kwa sababu nilimfuata kila mahali.

Yeye alikuwa mrefu, mkono wake wa Mungu. Mimi nilikuwa mfupi mwenye bidii, na watu waliniambia nina bidii kwa sauti ile ya kumfariji mtu.

Mama yake hakuamini mchezo usio na daftari. Bujumbura alifundisha hesabu. Hapa alihudumia wazee majumbani mwao, akawaogesha na kuwapikia, na akili yake yote ya hesabu ikakosa pa kwenda. Klabu ilikuwa ikitafuta mzazi wa kuandika mwenendo wa mchezo, kila mrusho na kila alama. Alijitolea. Majira ya baridi yote alikaa na kitabu cha sheria cha Kiswidi na kamusi, na ilipofika mwezi wa tano alizijua kuliko kocha. Alikaa nyuma ya wavu na kofia yake ya sufu, penseli mkononi, na mchezo ukiisha alizipitishia wino zile alama. Waamuzi walikuwa wakimwendea kumuuliza. Sijapata kumwona mtu mwenye furaha kama ile.

Tukiwa na miaka ishirini na kitu, mwishoni mwa kiangazi, alikuja mtu kutoka klabu moja ya Uholanzi inayolipa wachezaji wake. Alikuja kumtazama rafiki yangu. Tulikuwa tumeambiwa wiki mbili kabla: wana nafasi moja ya mrushaji. Mama yake alituletea sambusa mazoezini, kitu ambacho hakuwa amekifanya hata siku moja, akatuambia tusizile zote kabla ya kukimbia. Nami nilikula sambusa za watu na kusema namwombea. Nilikuwa namwombea kweli. Tena nilikuwa nikiomba na jambo lingine chini yake, ambalo sikulitamka.

Awamu sita alizirusha bila kuruhusu alama hata moja. Tulikuwa tunaongoza mbili bila. Awamu ya saba, akiwa amemtoa mpigaji mmoja, mkono ukachoka. Ghafla vituo vyote vitatu vilikuwa vimejaa. Kocha akaniita.

Desturi ni kwamba anayetoka anamkabidhi anayeingia mpira. Rafiki yangu aliuweka mkononi mwangu na hakuuachia mara moja.

“Ta hand om dem, bror,” alisema, niwatunze hao. Kisha akageukia Kiswahili, jambo alilolifanya akiwa na hofu tu: “Nisaidie.”

Nikamwambia asijali.

Sasa nieleze nilichokifanya, kwa kuwa hakikuonekana. Mdakaji huchuchumaa nyuma ya mpigaji na kuomba mrusho kwa vidole. Mrushaji hukubali, au hutikisa kichwa na kuombwa mwingine. Mrusho wangu wa maana ulikuwa mmoja, wa kuzama: mpira unakuja kama wa kawaida, kisha unadondoka chini mpigaji akiwa ameshaanza kupiga. Ndio uliokuwa dawa ya hali ile. Lakini ukizama mno unamponyoka mdakaji na kwenda hadi wavuni, na kosa hilo linaandikwa kwa jina la aliyerusha. Mrusho wa moja kwa moja hauna aibu hiyo. Mpigaji anaweza kuupiga mbali na wakimbiaji wakarudi nyumbani, lakini wakimbiaji wale hawakuwa wangu.

Niliinama kufunga kamba ya kiatu ambayo ilikuwa imefungwa. Nilipoinuka nilikuwa nimekwisha kuamua.

Mdakaji aliomba wa kuzama. Nikatikisa kichwa. Nikarusha wa moja kwa moja, mpigaji akaupiga juu sana, ukadakwa mbali uwanjani. Yule ametoka, sifa yangu. Lakini wakimbiaji walitumia nafasi hiyo kusogea, na wa kituo cha tatu akarudi nyumbani. Mpigaji aliyefuata, mdakaji akaomba tena wa kuzama. Nikatikisa kichwa mara ya pili. Huyo aliupiga katikati, wawili wakaingia. Tatu kwa mbili, tumepitwa.

Vituo vilipokuwa vimebaki na mtu mmoja tu, ambaye ni wangu mwenyewe, ndipo nilipokubali. Nilimrushia mpigaji mipira mitatu ya kuzama, akaikosa yote. Awamu ya nane na ya tisa nilirusha kama malaika. Timu yetu ikafunga mbili zaidi, tukashinda nne kwa tatu, na kwa sheria nyingine ya haki, ushindi huandikwa kwa mrushaji aliyekuwa kazini timu ilipochukua uongozi. Ukaandikwa kwangu.

Siri ya mtungi aijuaye kata. Mdakaji wetu, Mswidi wa maneno machache, alivua barakoa yake akanitazama kidogo, akaenda kufungasha vifaa. Hakuna mwingine aliyejua. Rafiki yangu alinikumbatia na barafu yake begani, akanilowesha shati, akasema, “Asante, ndugu. Bila wewe tungepoteza.”

Nilipita nyuma ya wavu nikamkuta mama yake anapitisha wino. Alikuwa akiziandika alama tatu kwenye mstari wa mwanawe, taratibu, kwa mwandiko wa ubaoni. Mgeni alisimama pembeni akisubiri karatasi.

“Pole, mama,” nilisema.

“Pole ya nini? Sheria ni sheria, mwanangu.” Hakuinua macho. “Weye umefanya kazi yako.”

Mgeni alinichukua mimi. Alisema mrefu ana mkono lakini anachoka, na mfupi ametulia. Kikulacho ki nguoni mwako, na mimi ndiye niliyekuwa nguoni mwake. Nilipoondoka, rafiki yangu alinisindikiza hadi uwanja wa ndege akinibebea begi. Masika iliyofuata alikuwa ameacha kucheza na kuomba mafunzo ya udereva wa treni.

Huko Uholanzi sikuwa mtu wa ajabu. Klabu tatu, misimu tisa, chumba cha kupanga juu ya duka la baiskeli. Lakini nitasema hili: sikutikisa kichwa tena kwa wakimbiaji wa kurithi. Nilirusha wa kuzama mpaka bega likaanza kulia kama bawaba, na mipira mingi ikaenda wavuni, na makocha wakasema sina utulivu. Nilidhani nalipa kitu. Upuuzi mtupu, maana niliowalipa walikuwa Waholanzi nisiowajua.

Nimerudi miaka minne sasa. Nafanya kazi ya utunzaji wa majengo katika shule moja huku kusini, jioni nawafundisha watoto kurusha. Rafiki yangu anaendesha treni za mstari mwekundu, zinazopita Bredäng na Fittja. Kila ninapopanda, nasimama behewa la mwisho kabisa ili tukifika kituoni nisikutane na dirisha lake. Jitu zima.

Msimu huu wa kupukutika majani mama yake alikuwa anahamia nyumba ndogo zaidi. Macho yamemwisha, anaona vivuli tu, akaniita nimsaidie kufunga vitu kwenye maboksi. Chini ya kabati tulikuta madaftari ya mchezo, kumi na mawili. Akaniambia nitafute la mwaka nilioondoka.

“Nisomee mchezo ule.”

Nikasoma. Kila nilichosoma alikitangulia kwa kichwa. Nilipofika mstari wa mwanawe akasema mwenyewe, “Alama tatu.”

“Ndiyo, mama.”

“Usiku ule miye nilimwekea karatasi hii mezani. Nikamwambia, mwanangu, karatasi imesema, unachoka, tafuta kazi. Alitaka kuendelea, unajua? Alikuwa analia. Miye nikamwonyesha hesabu. Kila siku namuuliza Mungu kama nilikosea kuandika.”

Ningeweza kunyamaza. Nilikuwa hodari wa kunyamaza. Lakini bibi huyu alikuwa amebeba kosa langu miaka yote na kulipeleka kwa Mungu kama lake, nikaona aibu iliyonishinda nguvu. Nikamweleza vyote: kamba ya kiatu, vidole vya mdakaji, kichwa changu mara mbili.

Hakulia wala hakunitukana. Alinyoosha mkono, akalipapasa daftari mpaka akapata pembe ya ukurasa.

“Kumbe. Na kitabu cha sheria hakina alama ya hilo.”

“Hakina, mama.”

“Basi andika pembeni. Kwa maneno. Kwa wino.”

Nikaandika kwa Kiswahili, mistari sita. Akanitaka nimshike mkono mpaka chini ya maneno yangu, akatia sahihi yake kama mwandishi wa mchezo.

“Atakuja Jumapili kula. Na weye utakuwepo.”

Nikasema huenda ningekuwa kazini.

“Utakuwepo.”

Jumapili rafiki yangu alikuja moja kwa moja kutoka zamu, na koti lake la kazi. Alifurahi kuniona, na furaha hiyo ilinifanya nikae kitini kwa shida. Mezani palikuwa na wali, maharage, na samaki aliyekaushwa wa ziwani ambaye mtu alimletea mama. Mama alimsukumia daftari kabla hata hajanawa.

“Nisomee pembeni pale. Kwa sauti, miye sioni.”

Rafiki yangu amezaliwa hapahapa. Kiswahili anakisema, lakini kukisoma anakisoma kama mtoto wa darasa la kwanza, kidole chini ya neno. Alisoma silabi kwa silabi. Ni-li-ti-ki-sa ki-chwa. Akarudia neno alilokosea. Nilitamani anipokonye miaka yote tisa, mradi asome haraka. Alipofika mwisho alisoma na sahihi ya mama yake, kidole bado kipo pale.

Nilikuwa nimejiandaa anipige, au acheke, aseme tulikuwa watoto. Usiku wa kuamkia siku ile nilikuwa nimetunga majibu ya yote mawili.

“Alikuomba wa kuzama?” aliuliza.

“Ndiyo.”

“Mara zote mbili?”

“Mara zote mbili.”

Alilifunga daftari, akalisogeza mbali na sahani ili lisichafuke, akaenda kunawa mikono. Tulisikia maji yakikimbia kwa muda mrefu. Aliporudi alivuta kiti, akamtolea mama yake miiba ya samaki kama anavyofanya siku zote, kipande kwa kipande, akamwekea pembeni mwa wali. Kisha akanitazama, na hapakuwa na hasira usoni mwake, ingekuwa afadhali ingekuwepo.

“Wangekuwa wakimbiaji wako,” alisema, “mimi ningerusha wa kuzama.”