Mke Wangu, Mtu wa Sauti

Filamu zetu za Garsen tulizipiga watu wawili, mimi na mke wangu. Mimi nilishika kamera. Yeye alivaa hedfoni na kunyanyua maiki kwenye fimbo ndefu. Wachuuzi wa mbuzi sokoni walimtania kwamba anavua samaki hewani, naye akawacheka na kuwataka wanyamaze. Bosi alikuwa yeye. Mzee wa Golbanti aweza kuwa analia akieleza jinsi mto ulivyomega shamba lake, mke wangu akasimamisha kila kitu kwa sababu pikipiki inapita. Tulisubiri. Mzee naye alijifuta machozi akasubiri. Mimi nilikuwa nikichemka kwa hasira, lakini jioni, tukisikiliza tuliyorekodi, kila mtu na upande wake wa hedfoni, nilimpenda hadi nikaona haya.

Kisha mafuriko yakaingia nyumbani. Kamera ililala majini pamoja na filamu tuliyokuwa bado tunaihariri. Kilichopona ni simu iliyokuwa mfukoni mwangu, na kwa simu hiyo nikaanza kwenda laivu mtandaoni. Nilisimama pale barabara ilipomezwa na maji nikaonyesha lori lililokwama. Watu wakamiminika kutoka Malindi, Nairobi, hata Uarabuni, wote wakitaka habari za njia. Miaka yote ile ya kuhangaikia mwanga na pembe za kamera, halafu watazamaji nawapata kwa lori! Sitaficha, nilifurahi.

Asubuhi moja nikitoka, mke wangu aliniuliza, "Na mimi nishike nini?"

Niliitazama simu. Ilikuwa na kamera yake na maiki yake, na mkono mmoja uliitosha.

Kwa muda alifuatana nami hivyo hivyo, mikono mitupu. Kelele ikizuka aligeuka kunitazama, lakini laivu haina kusubiri. Nilipandisha sauti nikaendelea. Baadaye akawa anabaki nyumbani. Kisha akasema anakwenda kwao Kipini kumjulia hali mamake. Hatukuwa tumegombana. Tungegombana ningejua pa kuanzia kuomba msamaha. Alipanga nguo zake zote, hata zile za sikukuu, nami nikambebea begi hadi stendi nikimwambia amsalimie mama.

Maji yalipokupwa niliendelea kwenda laivu. Watu walishanizoea, na mimi nilikuwa na sababu yangu: kila aliyeingia, jina lake lilitokea chini kwenye kioo cha simu. Nilikuwa naeleza habari za mto huku macho yakiyachambua majina. Nikimpigia mke wangu simu alinijibu vizuri, kwa adabu, kama mtu anayeongea na shemeji.

Siku moja nilikuwa darajani, upepo ukivuma kwelikweli, nikieleza jinsi mto ulivyorudi ndani ya kingo zake. Jina lake likatokea. Nilisahau nilichokuwa nasema. Nilisimama nikitabasamu peke yangu, watu wakauliza kama mtandao umekatika. Kisha akaandika: "Upepo waila sauti. Upe mgongo."

Niligeuka mara moja. Machozi yakanitoka mbele ya watu wote wale, wala sikujali. Alikuwa ananisikiliza. Kumbe bado ananisikiliza.

"Sasa je?" nikauliza. "Sauti ikoje sasa?"

Majibu yakapanda mbiombio. Safi. Iko fiti. Twakupata vizuri, kaka. Niliyasoma moja moja nikitafuta la kwake. Nikauliza tena. Nikasogea upande wa pili wa daraja, nikauliza tena, hadi mmoja akapandwa na hasira: "Brathe, tushasema tunaskia! Sema kama gari zinapita."

Nilitazama orodha ya waliokuwepo. Jina lake lilikuwa limetoka.

"Zinapita," nikasema. "Barabara ni nzima. Hata za kutoka Kipini zinapita."

Wakanishukuru sana, mmoja baada ya mwingine.