Nondo wa Malindi Kufika Jambiani

Nyumbani kwangu mtaa wa Malindi, mjini kisiwani kwetu, ukutani karibu na taa, hutua nondo mdogo kuliko ukucha wa kidole gumba. Mbawa zake nyeupe zina pindo la kahawia, na kila ubawa una nukta moja nyeusi. Mimi nilimhesabu kuwa mwenyeji wa kisiwa. Jirani yangu Salim, mshoni wa kanzu, alishikilia kuwa huteremka bandarini pamoja na magunia. "Niletee mmoja wa Jambiani, kule kusini kusikofika magunia," alisema mbele ya baraza nzima, "nami ntanyamaza." Ndipo nilipofunga safari.

Bububu, nje kidogo ya mji, nilimpata mapema, chini ya jani la mkarafuu, nikamtia kichupani. Hakunitosha: magunia ya karafuu huenda na kurudi njia hiyo.

Siku ya pili nilipanda gari la kusini. Mashamba yalipokwisha, tuliingia nchi ya mawe na vichaka. Kila gari liliposimama niliteremka kutafuta, nisimwone. Nilianza kuyaamini maneno ya Salim.

Alasiri, Jambiani, nilipiga hodi kwa Bi Mize, shangazi wa mke wangu, ambaye sikumpelekea habari. Alikuwa ukumbini akisokota kamba ya makumbi ya nazi.

"Shikamoo, Bi Mize."

"Marahaba. Umechelewa, wali wako unapoa."

"Nani kakwambia nnakuja?"

"Huyo hapo." Akaonyesha boriti. "Kaingia tangu asubuhi, nami nikazidisha mchele."

Pindo la kahawia, nukta nyeusi: ndiye. Nikatoa kichupa.

"Weka chini! Anayeleta habari ya mgeni hauawi. Ule wali wangu, kisha umuue aliyekutangazia?"

Nikamweleza ubishi wa barazani.

"Huyo Salim na aje atazame mwenyewe. Wali upo."

Nikala, huku nikimtazama nondo mpaka nikaridhika kuwa sikukosea.

Niliporudi mjini, Salim alinyoosha mkono. Nikampa vichupa viwili, kimoja kitupu.

"Huyu wa Jambiani kakushinda mbio?" Baraza ikacheka.

Nikawasimulia. Salim akaacha kushona.

"Alikuwa ndani kabla hujafika?"

"Tangu asubuhi."

"Basi ulifanya vyema kumwacha," akasema, akaishika tena sindano yake. Magunia hakuyataja.

Kwa hiyo nondo huyu yuko Malindi, Bububu na Jambiani. Nchi ya mawe katikati siwezi kuisemea, kwani niliipita upesi. Kichupa cha Bububu nimekiweka shubakani ukutani, na cha Jambiani pembeni yake, kitupu, kimefungwa vizuri.