Ngazi Iliyokipa Kisogo Kibla

Wembe wa mganga Likwata ulikuwa umeshafika Nyangamara, na Mwahija alikuwa hali wala halali. Aliyetajwa kuwa mchawi alinyolewa mchana kweupe, akachanjwa utosini na kupakwa dawa, watu wakitazama. Baada ya hapo hakuna wa kukuuzia chumvi, na siku ukifa, wa kukuzika watatafutwa kwa tochi. Sasa jina lililokuwa midomoni mwa watu lilikuwa la Mwahija, kwa sababu ya ngazi aliyoijenga uani, ngazi isiyokwenda darini, mtini wala popote pale.

Mambo yalianzia mbali. Mwaka juzi wafadhili walimpeleka binti yake, Imani, kupasuliwa moyo huko Delhi, India, kwani ulikuwa na tundu tangu azaliwe. Siku ya upasuaji Mwahija alishindwa kukaa kwenye benchi ya hospitali. Mama mmoja Mtanzania aliyekuwa akimuuguza mumewe akamshika mkono, wakatoka, wakaingia kwenye bustani yenye majengo mekundu ambayo Mwahija hakuwahi kuota mfano wake. Katikati ilikuwapo ngazi kubwa sana, inapanda, inapanda, halafu inaishia hewani.

Yule mama akamfasiria maelezo ya kibaoni. Karibu miaka mia tatu iliyopita, mfalme mmoja wa huko, Jai Singh, alichoshwa na vyombo vya shaba vya kupimia jua na nyota, maana vilikuwa vidogo, vinatikisika, na vinalika. Akaamua kuvijenga kwa mawe na chokaa, vikubwa kama majumba, katika miji mitano. Ukingo wa ngazi hutupa kivuli kwenye kuta zilizopinda huku na huku, na kivuli hicho ndicho saa. Katika maneno yote hayo Mwahija alishika moja tu, kwamba havitikisiki, kwa kuwa yeye alikuwa akitetemeka mpaka meno. Akaweka nadhiri palepale: Mungu akimrudishia mtoto, atajenga ngazi kama ile nyumbani kwake.

Mtoto akarudi mzima. Mwahija naye akafinyanga matofali, akaijenga vilevile alivyoiona, imesimama sana, inapanda kuelekea kaskazini. Kivuli kikawa kinampa saa za uongo. Mwalimu Dismas, anayefundisha jiografia, alipopita akacheka kwa adabu.

"Dada, Delhi iko juu ya ikweta, sisi tuko chini yake, tena karibu. Ya kwetu ipande kuelekea kusini, na ilale."

Mwahija akabomoa, akajenga upya, na kumbe alikuwa anajichimbia kaburi. Huku Lindi kibla kiko kaskazini. Anayepanda ngazi ile sasa anakipa kibla kisogo, na mtu wa kufanya jambo kinyumenyume hivyo, kijijini, jina lake linajulikana. Msimu uleule ugonjwa wa ubwiri unga, ukungu mweupe kama unga, ukavamia mikorosho, maua yakakauka juu ya miti. Wifi yake Kidawa, dada wa marehemu mumewe, ndiye aliyetangulia kusema kisimani kwamba huo unga unamwagwa na mtu kutoka juu ya ngazi.

Angeweza kuibomoa. Kila asubuhi alishika jembe, na kila asubuhi aliliweka chini. Atavunjaje nadhiri iliyofungwa kwa moyo wa mtoto? Alimwogopa Likwata, lakini alimwogopa Mungu zaidi, na kati ya hofu hizo mbili alikonda mpaka kanga zikamvuka.

Wanakijiji wakaja na mganga siku ya Jumamosi, jua likikaribia utosini, ua ukajaa. Likwata alikaa upande wa mashariki wa ngazi, wembe mkononi, Kidawa nyuma yake.

"Leteni na mtoto," alisema Likwata. "Moyo alionao si wake. Naye tutamchanja."

Imani alikuwa amejibanza ukutani, mkono kifuani, juu ya kovu lake. Mwahija akatazama ngazi, aliyoizoea kila saa ya mchana. Upande wa magharibi kivuli kilikuwa kimebaki uzi. Hapo hofu ikamtia akilini neno ambalo hakuwahi kulifikiria maishani mwake.

"Nyoeni," alisema. "Lakini kitazameni kwanza kivuli cha ngazi yangu. Kikiisha, nachukua cha mtu."

Wakageuka kutazama. Uzi ukazidi kuwa mwembamba, ukaisha. Upande huu hakuna kivuli, upande ule hakuna. Ngazi imesimama juani tupu. Ni jambo la kila adhuhuri kwa ukuta uliolala kutoka kaskazini kwenda kusini, na kivuli kidogo kilichosalia kilijificha nyuma ya ncha ya kusini, ambako hakuna aliyesimama. Nani angekumbuka hayo? Kila mtu alikodolea macho miguu yake. Likwata alidondosha wembe wala hakuinama kuuokota. Kidawa aliacha ndara moja getini. Ua ukabaki mweupe.

Mwahija akaangua kilio cha kushukuru, akapanua mikono.

"Njoo, mwanangu. Wameondoka. Hawarudi tena hawa."

Imani hakwenda. Alikuwa ameinamia ardhi, anainua mguu mmoja, anauweka, anainua wa pili.

"Mama," aliuliza polepole, "changu kipo?"

"Kipo, mama yangu. Yale nilikuwa nawatisha tu."

Mtoto akaitikia kwa kichwa. Halafu akaenda zake ndani, akiambaa ukuta, akichunga kivuli chake kisigusane na cha mama yake.