Mlango wa Nyuma wa Jip ya Arjan

Siku yangu ya kwanza kazini sikushika brashi wala pistole ya kupulizia rangi. Chef d'atelier, yaani mkuu wa karakana, mzee mmoja wa Kisangani mwenye tumbo lililofika mahali kabla yake, alinisimamisha mbele ya ubavu wa gari la rangi ya fedha, ile ambayo siye watu wa Bunia tunaiita arjan metalize, akaniuliza:

“Iko rangi gani?”

“Arjan, chef.”

“Pita upande ya huku. Sasa?”

“Arjan.”

“Chuchumaa. Angalia muzuri, si ulikula asubuhi? Sasa?”

Nikachuchumaa. Rangi ikabadilika machoni pangu, ikawa ya moshi. Nikasema kwa woga kwamba naona imekuwa giza, nikangoja kufukuzwa. Mzee akapiga makofi, akawaita mafundi wake waje wanione. “Huyu iko na macho! Bale bengine bote balisema arjan, arjan, mpaka nikabarudisha kwa bamama yabo.” Kisha akanipa ufagio, na ufagio huo niliushika muda mrefu sana, macho yangu mazuri hayakunisaidia lolote.

Nieleze basi, kwa sababu vijana wa leo wanakuja kwangu na simu mkononi wananiambia, Papa, rangi ni rangi. Wee! Nyekundu ni nyekundu, nyeupe ni nyeupe, hata fundi mlevi anaipaka. Lakini ndani ya arjan kuna unga wa alumini, vipande vidogo mno, na kila kipande ni kioo. Vikilala chali vinarudisha jua, na rangi inaonekana nyeupe. Vikizama, inakuwa giza. Ukiisogeza karibu pistole, yaani kile chombo cha kupulizia rangi kwa hewa, rangi inatua maji maji na unga unazama. Ukiipeleka mbali, inatua kavu na unga unabaki juu. Kopo ni lile lile, fundi ni yule yule, na bado mlango wa asubuhi haufanani na mlango wa mchana, kwa sababu tu katikati ulikula bugali ukashiba na mkono ukawa mzito.

Ndiyo maana mlango wa arjan haupakwi peke yake. Unafanya rakoor: unaanzia rangi penye jeraha, unaififisha polepole mpaka iingie juu ya mlango wa jirani, kisha unafunika yote kwa verni, ile ya kung'arisha isiyo na rangi. Ukiifanya vizuri, mwenye gari anakuja kukugombeza kwamba hujaanza kazi. Nimegombezwa hivyo mara nyingi, na kila mara nililala na furaha.

Kutoka pale nilihamia garaji ya mapadri. Mkubwa wangu alikuwa Père Procureur, yaani padri wa magari, saruji na mafuta. Pikap yake ya arjan ilikuwa imegongana na ng'ombe njia ya Nyankunde, na ng'ombe hakupata kitu. Nikanyoosha bati, nikapaka, nikaona nimeshinda. Baada ya siku chache akaniita.

“Mwanangu, nikitoka misa ya asubuhi mulango iko mweupe. Nikitoka sala ya jioni iko mweusi. Iko nini ndani?”

Nikamweleza habari za unga na jua, kwa mikono yote miwili. Akanisikiliza vizuri, akanishukuru. Halafu kupitia dirisha nikamwona anaunyunyizia mlango wangu maji ya baraka. Nilikasirika sana, lakini mtu hamgombezi padri.

Vita vilipoingia Bunia nilikuwa na garaji yangu mwenyewe, mabati juu ya miti, si mbali na mtaa wa Mudzipela. Vita vyenyewe sitavieleza hapa. Aliyekuwepo anajua, na miye nilizika watu. Nitasema upande wa kazi tu. Kikundi kimoja kilishika mji, kingine kikakifukuza, na kila kilichoingia kilitafuta kwanza magari, halafu kikamtafuta mtu wa kuyabadilisha rangi. Kuna gari moja nililipaka kijani, nikalipaka jeusi, nikalipaka kijani tena, kila mara kwa mwenyewe mpya, na kila mwenyewe aliniapia kwamba lilikuwa lake tangu zamani. Nilikuwa nasema, “Ndiyo, afande, naona linakufahamu.” Miye kwa asili ni mtu wa Mahagi, kabila langu halikuwemo katika ugomvi ule, kila upande uliniona si wake, basi nilipaka rangi za pande zote nikanyamaza.

Mkubwa wangu wa miaka ile, kama mtu anaweza kuitwa mkubwa wako kwa sababu ana bunduki nawe huna, alikuwa Komanda wa kikundi kilichoshika mji wakati huo. Alikuwa mtu mfupi, msafi, wa sauti ya chini. Hakupiga kelele hata siku moja. Nyuma ya nyumba yake kulikuwa na shimo lililofunikwa kwa mabati, na aliyemuudhi alikaa humo. Wengine walitoka. Komanda huyo alikuwa na jip ya arjan, ya pekee katika mji mzima, na aliipenda kupita maelezo. Kila asubuhi aliizunguka mikono nyuma, anaikagua.

Dereva wa jip ile alikuwa Bahati, semeki yangu, yaani mume wa dada yangu Mado. Mtu mzuri, mwoga kama kuku, na kazi hiyo hakuichagua. Walimkuta na permis ya udereva mfukoni wakamwambia apande.

Siku moja Komanda alipanda ndege kwenda Kampala, akamwachia Bahati neno moja: jip isitoke uani. Mchana ule ule Mudzipela, walikokuwa wanakaa, ikaanza kulia risasi, na Mado akaanza uchungu. Pikipiki zote zilikuwa zimekimbia. Bahati alikimbia nyumbani kwa miguu, akamkuta dada yangu ameshika ukuta, akarudi mbio, akaitoa jip. Alimfikisha Mado ku maternité, hospitali ya kuzalia. Getini, kwa haraka, alikata kona mapema, na nguzo ya chuma ikachora mlango wa nyuma wa kulia kutoka mshikio mpaka chini. Mtoto alizaliwa salama, msichana. Baba yake hakumtazama hata dakika, alikuja kwangu moja kwa moja, shati limelowa.

“Semeki, nimekufa.”

“Mado?”

“Mado iko muzima, mutoto iko muzima. Ni miye nimekufa. Angalia mulango.”

Nikaangalia. Ulikuwa mlango ambao Komanda mwenyewe aliingilia. Mama yangu wee, nikakaa chini juu ya tairi.

“Sema ukweli tu,” nikamwambia. “Sema bibi yako alikuwa anazaa.”

“Alisema isitoke uani! Semeki, batu ya shimo ni miye nabapeleka. Najua ngazi yake. Nafika na ngazi, bananishusha, halafu nani atarudisha ngazi?”

Alikuwa analia na bado anafikiria ngazi. Nikamwambia anyamaze, nitaupaka.

Kuahidi ni rahisi. Arjan ya magari haikuwepo Bunia nzima, barabara zilikuwa zimefungwa. Iliyokuwepo ilikuwa ile rangi ya alumini ya mabati na misalaba. Hiyo haikukosekana miaka ile, fundi wa misalaba alikuwa na makopo yamepangana mpaka darini, na kila mtu anajua sababu. Aliniuzia kopo bila kuniuliza nani amekufa. Alikuwa amechoka kuuliza.

Rangi ya misalaba ina unga mkubwa, unang'aa bila haya. Nikaichuja kwa soksi ndefu ya Masoeur mmoja, mtawa wa misheni, aliyenipa akisema hataki kujua ni ya nini. Nikaacha unga mzito uzame, nikachota ule wa juu, nikatia tone la nyeusi, nikajaribu juu ya kipande cha bati, nikapeleka juani, nikatupa. Tena. Tena. Bahati alikuwa nyuma yangu anauliza, “Imefanana?” mpaka nikamwambia akiuliza hivyo tena nitampaka yeye. Rakoor haikuwezekana, kwa sababu rangi ngeni ukiififisha juu ya mlango wa jirani unaharibu milango miwili. Ilibidi nipake mlango peke yake, dhambi ambayo ningemfukuzia fundi wangu yeyote.

Ulipokauka tukasimama mbele yake. Ukiutazama uso kwa uso, hakuna kitu, mlango umerudi. Ukisogea upande kidogo, unakuwa mweusi kama umekasirika.

“Sikia muzuri,” nikamwambia Bahati. “Ku kiwanja cha ndege, simamisha jip ubavu wa kulia ukiangalia ndege. Atashuka, atakuja moja kwa moja ku mulango wake, ataingia. Asiuone kwa pembe. Umesikia? Asiuone kwa pembe.”

Siku ya ndege Bahati alikataa kwenda peke yake, akanitia ndani na kitambaa, kama mtu wa kupangusa vumbi. Jip aliiweka vizuri kabisa. Ndege ikatua, mlango wake ukafunguka, na hapo hapo Adjoint, naibu wa Komanda, mtu wa heshima nyingi kuliko akili, akapiga kelele: “Nani aliweka gari vile? Mukubwa anapokelewa na ubavu? Geuza! Pua iangalie ndege!”

Bahati akaigeuza. Nilimwona midomo yake inatembea, nadhani alikuwa anasali.

Komanda akashuka, akaja polepole, kwa pembe. Akasimama.

“Mulango yangu iko mweusi juu ya nini?”

Mlinzi aliyekuwa mbele ya mlango akaangalia. “Hapana, mukubwa. Iko sawa.”

Mlinzi aliyekuwa nyuma ya gari akasema, “Iko mweusi kabisa.”

“Weye ni kipofu?”

“Nani kipofu? Unamudanganya mukubwa mbele ya macho yake?”

“Muongo ni weye na baba yako!”

Bunduki zikashuka mabegani. Watu wawili wanaokula sahani moja, kila mmoja anasema ukweli mtupu wa pale aliposimama, na siye wa kufa kwanza tulikuwa miye na kitambaa changu katikati. Adjoint naye akainama, akasema kwamba akichuchumaa anaona buluu. Ningekuwa na nguvu ningecheka.

Komanda aliinua kidole, bunduki zikarudi mabegani. Akazunguka jip yote, mikono nyuma, kama asubuhi zake zote. Akarudi mlangoni. Akanitazama miye, halafu Bahati, halafu vidole vyangu, ambavyo vilikuwa bado na arjan ndani ya kucha.

“Mulango iko muzuri,” akasema kwa sauti yake ile ya chini. “Ni gari yote ndiyo imechakaa. Papa, utapaka gari yote ifanane na mulango.”

“Ndiyo, mukubwa,” nikasema.

Ndege iliyofuata ikaleta makopo ya arjan ya kweli kutoka Kampala. Nikaipaka jip yote uani kwake, walinzi wale wawili wananitazama, mmoja kila upande, bado hawasemeshani. Kupaka gari nzima ni raha, hakuna cha kufananisha. Na mlango ule wa misalaba niliupaka pia, wa kwanza kabisa, kwa rangi mpya kama sehemu zingine. Nilipomaliza, Komanda akaizunguka, akagusa mlango.

“Munaona? Sasa yote inafanana na mulango.”

“Kabisa, mukubwa,” tukasema wote, hata wale wawili.

Akafungua mlango, akaweka mguu ndani, kisha akageuka kwa Bahati.

“Siku ingine bibi yako akiumwa, ingilia ku geti ya nyuma ya maternité. Ile ya mbele iko ndogo.”

Akafunga mlango. Bahati aliendesha gari siku ile sijui kwa mikono ya nani. Miye nilikaa chini pale uani, karibu na mabati ya shimo, mpaka jua likapungua.

Baadaye kikundi hicho nacho kikafukuzwa, Komanda akaenda zake na jip yake, mji ukapata wakubwa wengine na miye nikapata magari mengine. Nilipaka mpaka kifua kikakataa. Vumbi la msasa na diliyan, ile dawa ya kuyeyushia rangi, vinakaa ndani ya mapafu, na siku hizi nikipanda kilima napumzika mara nyingi kuliko ninavyopenda. Vijana, vaeni maski. Wakati wetu tulifunga leso, tukajiona mafundi wakubwa.

Kazi niliiacha, lakini swali moja halikuniacha: Komanda alijuaje? Miaka mingi nilimtafuta msaliti. Nilimshuku fundi wa misalaba. Nilimshuku Masoeur, Mungu anisamehe. Mwaka jana tulikuwa tunakula kwa Mado siku msichana yule alipomaliza masomo yake ya uuguzi, na miye na Bahati tukaanza tena, nani alisema, nani alisema. Mado akaweka sufuria chini.

“Nyinyi wanaume,” akasema. “Nililia kutoka Mudzipela mpaka ku maternité, ndani ya jip ya arjan ya pekee ya Bunia, madirisha wazi. Batu balisimama njiani bakaniombea. Na nyinyi mulikuwa munaficha mulango!”

Bahati akanitazama. Nikamtazama. Kati yetu hakuna aliyewahi kumwuliza.